Shoka la bankambo na mfuko wa makala

Katika mikutano yetu, kila mara mazungumzo yanapofika kwenye miti, kuna mzee mmoja au kijana mwenye masomo anayesimama na kusema: bankambo wetu walipenda pori, walilichunga, hawakukata mti bure, sisi wa leo njo tumeharibu. Watu wote wanaitika kwa kichwa. Kisha tunakunywa munkoyo, tunaagana, kila mmoja anarudi kwake, na kwake mbabula inawaka.

Sisi tunaoandika kurasa hizi tuliitika vilevile, miaka mingi. Lakini tulipoanza kukusanya historia ya miti ya huku kwetu, kusini mwa ile Katanga ya zamani (sehemu ambazo tangu 2015 zinaitwa Haut-Katanga na Lualaba), tuliona kwamba maneno yale hayasimami vizuri. Bankambo walikata miti. Waliikata kwa shamba, kwa nyumba, kwa mtumbwi, na tena kwa kuyeyusha shaba. Basi tukaacha kuuliza nani alikata na nani hakukata. Tunauliza: juu ya nini mti aliokata babu ulirudi, na huu tunaokata sisi haurudi?

Pori lenye majina matatu

Wasomaji waliokomalia mjini wanasema "pori" kwa kila mahali penye miti. Wazee walikuwa na majina. Mushitu ni ule msitu wa kijani unaofuata mto, miguu yake kwenye maji. Muhulu ni msitu mzito wa inchi kavu, ndani yake giza; siku hizi umebaki vipande vipande tu. Miombo njo ile tunayoiona tukitoka Lubumbashi kwa barabara yoyote: miti ya metre 15 hadi 20, imeachana kidogo, jua linafika chini, nyasi inaota kati yake, na kwenye mwezi wa 9, mbele ya mvua kuja, majani mapya yanatoka mekundu kama shaba iliyosuguliwa.

Profesa François Malaisse alifundisha miaka mingi kwenye chuo kikuu cha Lubumbashi, na kitabu chake kikubwa juu ya vyakula vya pori la miombo kilitoka mwaka wa 1997. Yeye ni mmoja wa wataalamu waliosema kwamba zamani muhulu ulifunika inchi kubwa zaidi, na kwamba shoka na moto wa watu, karne kwa karne, njo vilivyoipa miombo nafasi. Ng'ambo ya mpaka, kule Ndola, kuna viwanja vya majaribio vilivyoanzishwa mwaka wa 1933. Pale palipochomwa kila mwaka mwishoni mwa kiangazi, miti ilipungua na nyasi ikatawala. Pale palipokingwa na moto, miti ya msitu mzito ilianza kurudi. Kwa hiyo pori hili tunalolilia, tunaloliita la asili, kwa sehemu kubwa ni kazi ya mikono ya watu. Bankambo hawakulikuta tu likiwangoja. Walilitengeneza kwa kulikata na kulichoma.

Na miombo imezoea shoka. Ukikata mti wake usawa wa kiuno, kisiki hakifi. Mvua za kwanza zikinyesha, machipukizi yanatoka pembeni, yanalishwa na mizizi ya zamani. Hiyo ni nguvu yake. Udhaifu wake ni kwamba inakwenda polepole sana: shina linanenepa milimita chache tu kwa mwaka. Inarudi, ndiyo, lakini inataka kupewa wakati.

Chini ya udongo kuna habari nyingine ambayo wengi wetu hatukuisoma masomoni. Mizizi ya miti mingi ya miombo inaishi pamoja na bowa, ile uyoga yetu. Nyuzi za bowa zinautafutia mti maji na chumvi za udongo, na mti unazilipa kwa sukari. Njo maana wakati wa mvua akina mama wanasimama kandokando ya barabara ya Kasenga na ya Likasi na mabeseni yamejaa bowa, wa manjano, wekundu, weupe. Ule haupandwi shambani. Mti wake ukiondoka, nao unaondoka. (Bowa wa kwenye kichuguu ni mambo mengine: ule unalimwa na mchwa wenyewe.) Tuongeze masuku, tuongeze viwavi ambavyo Wabemba wanaviita finkubala, asali, dawa, na hata mizizi ya munkoyo tunayokunywa kwenye mikutano tukisifu bankambo. Vyote hivyo ni pori la miombo lililosimama.

Wale waliokula shaba

Sasa tuje kwenye shaba, kwa sababu bila hiyo hakuna anayeweza kueleza miti ya Katanga.

Karibu na Lubumbashi, kwenye chemchemi za Naviundu, wachimbaji wa mambo ya kale walikuta alama za watu waliotumika shaba tangu karibu karne ya 4. Kule Sanga, kando ya ziwa Kisale, makaburi yaliyofukuliwa tangu 1957 yalitoa vito na misalaba midogo ya shaba. Na pale Kisale hapana mgodi wa shaba, kwa hiyo ilisafiri kutoka kusini. Misalaba ile ilikuwa mali: watu walilipia mahari nayo, walinunua nayo vitu. Na kila msalaba ulipita kwenye moto. Moto ule ulikuwa wa makala.

Monseigneur Jean-Félix de Hemptinne alichapisha mwaka wa 1926 maelezo juu ya wafua shaba wa Katanga, akawaita kwa Kifaransa "wala shaba", jina walilojipa wao wenyewe kwa sababu shaba iliwalisha. Kazi yao ilikuwa ya kiangazi. Watu waliondoka kijijini kwa kundi, chini ya mkubwa wao mwenye dawa na mwiko zake, wanapanga kambi karibu na mgodi. Wengine walichimba malakiti, lile jiwe la kijani. Wengine waliingia miombo na shoka, wakachagua miti migumu, wakachoma makala. Tanuru ilijengwa kwa udongo wa kichuguu, mivukuto ilikuwa ya ngozi ya nyama ya pori, na makala ilipangwa pamoja na malakiti. Kundi moja la wafuaji lilitaka makala nyingi, na makundi yalikuwa mengi. Tunakosea tukifikiri waliingia porini kwa miguu ya taratibu, wakiomba msamaha kwa kila tawi.

Lakini tuangalie kazi ile ilikuwa na nini ndani yake. Ilikuwa na mwanzo na mwisho: mvua ikikaribia, wafuaji walirudi kulima, kwa sababu shaba hailiwi kweli, mtu anakula bukari. Ilikuwa na mwenyewe: huwezi kufika kwenye kilima cha watu na kuwasha tanuru bila mwenye udongo kujua, na bila mizimu ya pale kuambiwa. Tena ilihama. Kambi ya mwaka huu haikuwa ya kudumu, na visiki vilibaki vikichipuka nyuma ya watu.

Wakati wa Msiri mambo yaliongezeka. Msiri alitoka upande wa Unyamwezi, katika Tanzania ya leo, na watu wake njo waliokuwa Bayeke. Akiwa Bunkeya, aliunganisha biashara ya shaba, pembe na watumwa na njia za pwani ya mashariki. Kiswahili kilipita kwenye njia hizo pia, ingawa hiki tunachozungumuza Lubumbashi kilikomaa zaidi baadaye, kwenye kambi za wafanyakazi. Bayeke walifua hata nyuzi za shaba. Bado ilikuwa makala, bado ilikuwa mivukuto.

Matawi na majivu

Kwa shamba, desturi iliyojulikana zaidi katika ukanda huu ni chitemene. Audrey Richards, mwanamke Mwingereza aliyekaa na Wabemba na kuchapisha kitabu chake mwaka wa 1939, aliandika namna vijana walivyopanda juu ya miti na shoka, wakakata matawi tu, wakishindana nani atafika juu zaidi. Matawi yalikusanywa katikati, yakakauka, yakachomwa kiangazi kikiisha, na ulezi ukapandwa kwenye majivu. Walamba na Walala, ambao mpaka wa 1894 uliwagawa kati ya Kongo na Zambia, walikuwa na namna yao: duara ndogo ndogo, na miti inakatwa usawa wa kifua. Kwa namna zote mbili, shina au kisiki kilibaki hai.

Baada ya miaka michache shamba liliachwa, na watu walihama. Pori lilipumzika miaka 20, au zaidi ya pale, mbele ya shoka kurudi. Ukubwa wa inchi na uchache wa watu uliruhusu vile. Ni lazima kusema wazi: sehemu ya "hekima ya wazee" ilikuwa tu kwamba watu walikuwa wachache. Palipokuwa na watu wengi mno kwa pori dogo, Richards na wengine waliona miti ikikatwa kabla haijakomaa, na majivu yakipungua. Desturi haikuwa uchawi.

Palikuwa pia na mahali pasipoguswa. Miti ya makaburi ya machifu haikukatwa. Chemchemi zilikuwa na mushitu wake, na mtu aliyekata pale alijua kwamba kisima kikikauka, yeye njo ataulizwa. Tunapenda kusimamisha hapa neno hilo "ataulizwa". Pori lilikuwa na mtu wa kuuliza.

"Inchi isiyo na mtu"

Tarehe 1 mwezi wa 7 mwaka wa 1885, Leta ya mfalme Léopold II ilitoa amri: inchi zote zisizo na watu ni mali ya Leta. Kwa karatasi, ni mstari mfupi. Tuufikirie kwa macho ya mtu wa chitemene. Shamba lake la leo ni dogo. Pori la babu yake, linalopumzika mwaka wa 12 au wa 18, halina nyumba, halina mhogo, halina moshi. Mzungu anayepita na ramani anaona nini? Anaona inchi isiyo na mtu. Ule wakati wa kupumzika, wenye kurudisha mti, njo uliohesabiwa kuwa utupu.

Sisi tunaona kwamba hapo njo shoka lilipobadilika, zaidi ya siku yoyote ambayo mashine iliingia. Yaliyofuata yalikwenda mbio. Msiri aliuawa tarehe 20 mwezi wa 12 mwaka wa 1891. Union Minière ilianzishwa 1906. Reli kutoka Rhodesia ilifika Elisabethville 1910, na 1911 tanuru ya kwanza ya Lubumbashi ikatoa shaba.

Tanuru kubwa ilikula kokisi iliyotoka Wankie, katika Zimbabwe ya leo. Lakini miti haikupona kwa hiyo. Magarimoshi ya mwanzo yaliwasha kuni, mitambo ya mvuke iliwasha kuni, migodi ilitaka nguzo, matofali yalitaka kuchomwa, na maelfu ya wafanyakazi walioletwa kutoka mbali walitaka kupika bukari kila jioni. Miombo ya kuzunguka mji ilikatwa kwa mara ya kwanza namna ile: kwa ajili ya watu wasiokaa karibu na kisiki, na bila kungoja mvua ya kulima. Mji hauna kiangazi. Mji unapika siku 365.

Halafu kuna moshi. Upande wa kaskazini-magharibi wa kiwanda cha Lubumbashi, pale upepo ulipopeleka moshi miaka na miaka, kilima cha Penga Penga kilibaki uchi. Miti ilikufa, udongo ulijaa metali, na watu wa chuo kikuu wamefanya kazi miaka mingi kutafuta majani na miti gani inaweza kushika pale. Hapa si shoka peke yake lililofanya kazi. Wakati tunagombana juu ya mchoma makala, tukumbuke pia kilima hiki.

Umeme ulikuja: Mwadingusha mwaka wa 1930, Koni 1950, Nzilo 1952, Nseke 1956. Mito yetu ilifungwa kwa faida ya viwanda. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 ulimalizika waya wa Inga hadi Kolwezi, karibu kilometa 1,700, moja ya nyaya ndefu za dunia. Unapita juu ya vijiji vingi na haushuki. Mama aliye chini yake anapika kwa kuni. Mtu akitaka kuelewa makala ya Lubumbashi, aanzie hapo: tulipata umeme wa kuyeyusha shaba kabla ya kupata umeme wa kupika.

Mfuko kwenye kinga

Sheria ya mwaka wa 1973 ilisema udongo wote ni mali ya Leta. Chifu alibaki na heshima, na kofia, na mara nyingine bahasha. Halafu Gécamines ikaanguka. Katikati ya miaka ya 1980 kampuni ilitoa zaidi ya tone 400,000 za shaba kwa mwaka; baada ya mgodi wa Kamoto kuporomoka mwaka wa 1990 na fujo zilizofuata, ilishuka chini ya tone 50,000. Mwaka wa 2003 na 2004 wafanyakazi zaidi ya 10,000 walitoka kwa ule mpango ulioitwa "départ volontaire". Wasomaji wetu wengi wana baba au mjomba kati yao, hakuna haja ya kueleza.

Mtu aliyezoea posho ya unga kila mwezi afanye nini? Wengine walichimba mawe. Wengine walirudi kwenye mashamba. Na wengi walishika shoka. Makala haitaki mtaji: inataka mikono, mti, udongo wa kufunikia na uvumilivu wa kulala porini ukichunga moshi. Mti unakatwa, unapangwa, unafunikwa na majani na udongo, unawashwa, unaungua bila kuwaka siku nyingi. Kwa tanuru hizi za udongo, kilo 100 za mti mkavu zinatoa kilo 10 hadi 20 hivi za makala. Zinazobaki ni moshi.

Halafu kinga. Mgeni akifika Lubumbashi anashangaa kuona kinga moja imebeba mifuko mitatu, minne, imepita kichwa cha mwenye kuisukuma. Mtu yule anatembea usiku kwa sababu barabara ni baridi na vizuizi ni vichache. Asubuhi anauzisha, ananunua unga, anarudi. Tusimwite adui wa pori. Mji wa zaidi ya watu milioni mbili unamngojea na mbabula mkononi, kwa sababu umeme unakatika na gazi ni ya wenye nacho.

Kilichobadilika na shoka hili ni vitu vitatu tunavyoweza kushika kwa mkono. Linakata chini kabisa, mara nyingine na kisiki chenyewe, kwa sababu mti wa karibu na barabara ni mali. Linarudi mapema: machipukizi yakifika unene wa mkono, yanachomwa. Na mtu wa kuulizwa hayuko. Mchomaji amemlipa chifu kitu kidogo na hatakaa pale. Chifu anajua kwamba akikataa, mwingine atakuja na karatasi ya Leta. Leta iko mbali. Mnunuzi yuko mjini, haoni. Kila mmoja ana sababu, na sababu zote ni za kweli.

Tuseme pia juu ya matofali, kwa sababu watu wanasahau. Nyumba zetu za kartie mpya zimejengwa kwa vichuguu. Vile vilima vya mchwa vya huku kwetu, vingine vinafika metre 8 kwenda juu, vinakatwa, vinafinyangwa, na vinachomwa kwa kuni. Kichuguu na miti ya kandokando yake vinaondoka siku moja. Kazi ya mchwa ya karne nyingi inakuwa ukuta wa chumba cha wageni.

Mti wenye damu

Yote hayo ni ya makala. Lakini kuna mti mmoja uliokatwa kwa sababu nyingine kabisa.

Mukula, ukiupiga shoka, unatoa utomvu mwekundu. Kati ya Wandembu, watu wa ukoo wa Lunda wanaokaa kaskazini-magharibi mwa Zambia na wanaokumbuka kwamba walitoka kwa Mwant Yav, Victor Turner alikaa miaka ya 1950 na kuandika maana ya mti huu. Utomvu wake ni damu. Na kwa sababu utomvu ule unaganda haraka, vijana waliotoka kutahiriwa kwenye mukanda walikalishwa juu ya gogo la mukula, ili vidonda vyao vifunge upesi kama vile. Wanawake wenye taabu ya damu na uzazi walikuwa na dawa yao iliyoitwa Nkula, na mukula njo ulikuwa kati yake. Yaani mti huu ulikatwa pia! Gogo lile halikujileta lenyewe. Lakini ulikatwa mmoja, kwa vijana wa mwaka ule, na mwenye kuukata alijua anakata nini.

Kwenye 2016 na 2017, mukula wa territoire ya Kasenga na kandokando yake uliondoka kwa malori. Wanunuzi kutoka China waliutaka kwa ajili ya vyombo vya nyumba vya mti mwekundu, na njia yake ilipita Zambia, ambako pia ulikuwa umekatwa sana. Vijiji vilipata fedha kidogo kwa kila gogo, vijana walipata kazi ya miezi michache. Halafu malori yalihama. Mwaka wa 2019 mukula uliandikwa kwenye orodha ya mapatano ya CITES, ambayo inataka kibali kwa kuupitisha mpakani, na 2022 ndugu zake wote wa Afrika wa jinsi ya Pterocarpus waliandikwa pamoja. Kibali kinakuja baada ya lori, kama tulivyozoea.

Tuliposoma Turner na kisha tukakumbuka yale malori, tulikaa kimya. Vijana wa vijiji vile walioshika msumeno wangeweza kuwa wajukuu wa watu waliokalishwa juu ya gogo la mukula. Wengine wao walijua jina la mti kwa bei yake tu. Hilo si kosa lao. Sisi tulioandika vitabu vidogo kama hiki, mara ngapi tuliwaeleza?

Nani atauliza

Sheria mpya ya misitu ilitoka tarehe 29 mwezi wa 8 mwaka wa 2002, na ndani yake kuna kifungu kinachoruhusu kijiji kupata msitu wake kwa desturi. Ilikawia: amri ya kuonyesha njia ilitoka 2014 tu. Inasema kijiji kinaweza kupata hadi hekta 50,000, bila mwisho wa miaka, na kukaa na haki ya kusema nani anaingia na shoka na nani haingii. Tunaona jambo hili ni kubwa kuliko kampeni za kupanda miti siku ya sikukuu, ile miche inayokauka wakubwa wakisha kupigwa picha. Linarudisha, walau kwa karatasi, yule mtu wa kuulizwa ambaye mstari wa 1885 ulimwondoa. Na miombo yenyewe haitaki kupandwa sana. Kisiki kikiachwa na moto wa mwisho wa kiangazi ukizuiliwa, kinajua kazi yake.

Kuna hatari pia, hatutaificha. Karatasi ile inaweza kuishia kwenye mfuko wa mtu mmoja. Na hata kijiji chenye msitu wake na chifu mwenye kusema hapana kitakuwa bado na Lubumbashi mlangoni, inayotaka kupika jioni. Kijiji hakiwezi kubeba peke yake deni la mji.

Njo kwa sababu hiyo mwaka huu, kwenye sikukuu ya shirika letu, tulifanya kitu ambacho hatukuwahi kufanya. Tulihesabu makala. Kwa bukari, sombe, mbuzi wawili na maji ya munkoyo, tulichoma mifuko sita. Ngoma zilipigwa, mzee mmoja alisema vizuri sana juu ya bankambo na pori lao, na mbabula zilikuwa nyuma yake zikiwaka. Kesho yake tulimtafuta mwenye kutuuzisha. Alikuwa bado anafunga kinga yake chini ya waya za umeme, kwenye barabara ya Likasi. Tulimuuliza makala ile alitoa wapi. Alituangalia kama vile hakuna mtu aliyemuuliza mbele ya siku ile. Alisema alipoanza kazi, alikuwa akitoka na kurudi siku moja. Sasa ni siku tatu, na pale alipokata mwanzo, akipita, hata bowa hapana tena.